Mama anaogopa boti: je, Amsterdam itazamwe kutoka majini?

“Mwezi wa tano nitampeleka mama yangu Uholanzi kwa dada yangu anayeishi Rotterdam. Tumetenga siku moja tu ya kuiona Amsterdam. Mama ana miaka 71, goti la kulia linamsumbua na hawezi kutembea nusu saa bila kukaa. Nimefikiria safari ya boti yenye mwongozaji, lakini miaka miwili iliyopita alitapika njia nzima kutoka Dar hadi Unguja, na tangu hapo akisikia neno boti anashika tumbo. Isitoshe, anasema hapandi ndege kwenda Ulaya ili akatazame mifereji. Rafiki yangu aliyefika huko ananiambia boti zile ni za kuwakamua watalii: unafungiwa kwenye kioo saa nzima na huoni kitu. Nimpandishe au niachane nayo? Na kama ni kupanda, nichague boti ya aina gani?”

Ndugu yangu, mpandishe. Nimeanza na jibu kwa sababu najua mtu mwenye mzazi mkononi hataki kuzungushwa. Ila boti uichague, na kabla ya kukata tiketi umpime mama kwa namna nitakayokueleza. Nimewatembeza Waswahili wengi mjini humu, wazee wengi miongoni mwao, na nimejifunza kwamba kinachowashinda wazee si maji. Ni ngazi ya kushukia kwenye maji.

Kwanza tumtendee haki mama, maana neno “mfereji” ndilo lililotuponza. Dar mfereji ni ule wa maji machafu unaopita nyuma ya nyumba. Mombasa ukisema mfereji watu wanaelewa bomba la maji. Nani atakata tiketi ya ndege kwa ajili ya hivyo? Kitu wanachokiita gracht ni barabara ya maji yenye upana wa mita 25 na zaidi, ina miti pande zote mbili, na nyumba zimepangwa zikiyatazama maji. Mwambie mama afikirie mji wa bandari ambamo kila tajiri ana forodha yake mlangoni. Kazi ya kuchimba mifereji mikuu, Herengracht, Keizersgracht na Prinsengracht, ilianza mwaka 1613. Ardhi ilikuwa kinamasi, kwa hiyo mfereji mmoja ulifanya kazi tatu: ulikausha kiwanja, udongo wake ukainua ardhi ya kujengea, na ukawa njia ya kuleta mizigo. Mwaka 2010 UNESCO iliuingiza ukanda huo wote katika orodha ya urithi wa dunia.

Hiyo ndiyo sababu yangu kubwa ya kuitetea boti. Nyumba hizi zilijengwa ili zionekane na mtu anayekuja kwa maji. Ukizitazama ukiwa kando ya barabara, umebanwa na baiskeli na magari yaliyoegeshwa, unaona mlango na ngazi tu. Ukiwa katikati ya maji unaziona kuanzia kizingiti hadi paa, kama mwenye mali alivyotaka uzione.

Sasa kutapika. Ndani ya sikio kuna mirija midogo yenye majimaji inayouambia ubongo kama mwili unapanda, unashuka au unageuka. Boti ya Unguja ikipigwa na kusi, omo inapanda na kushuka, sikio linasema “tunarushwa”, lakini macho yanaona kiti cha mbele kimetulia palepale. Ubongo ukipewa habari mbili zinazopingana, tumbo ndilo linalolipa. Kwa hiyo mama hana ugonjwa wa boti. Anaumwa na mawimbi, hasa anapokaa mahali asipoona nje.

Na mifereji ya Amsterdam haina mawimbi. Zamani maji ya bahari yalijaa na kupwa hadi mjini, lakini mwaka 1872 malango ya Oranjesluizen yalifunga mlango wa bahari upande wa mashariki, na leo maji ya mifereji ya katikati ya mji hushikiliwa karibu kina kilekile, kama sentimita 40 chini ya kipimo rasmi cha mji. Yanaachwa yapite kwa kipimo, usiku, malango yanapofungwa na kufunguliwa ili kuyasafisha. Boti zenyewe haziruhusiwi kuzidi kilomita 6 kwa saa katika mifereji hiyo, mwendo wa mtu anayetembea kwa haraka. Na siku hizi boti nyingi za watalii zinatumia betri, hakuna harufu ya dizeli, ambayo nayo ni adui mkubwa wa mtu mwenye kichefuchefu.

Bado kuna mambo ya kuangalia. Boti kubwa zina viti vinavyotazamana na meza katikati, kwa hiyo nusu ya abiria husafiri kinyumenyume. Mama asikae hapo. Akae akitazama mbele, karibu na katikati ya boti ambapo mtikisiko ni mdogo, na asiangalie simu wala picha. Halafu uliza kabla ya kulipa kama boti itatoka hadi IJ, yale maji mapana yaliyo nyuma ya stesheni kuu. Meli kubwa hupita huko, na zikipita zinaacha mawimbi. Safari inayobaki ndani ya mifereji ndiyo yenu.

Ukitaka uhakika, mjaribu bure. Nyuma ya stesheni kuu kuna vivuko vinavyokwenda ng'ambo ya IJ mchana na usiku, havina nauli wala tiketi. Unaingia moja kwa moja bila ngazi, hata kwa kiti cha magurudumu, na cha Buiksloterweg kinavuka kwa dakika chache tu. Mpandishe mama aende na kurudi. Akivuka salama kwenye maji yale mapana, mifereji haitamsumbua. Akichukia, mmepoteza robo saa na hamjapoteza hela.

Hapa niseme jambo ambalo siwezi kukumalizia mimi kwa maandishi. Kama mama hupata kizunguzungu hata nyumbani, akigeuka kitandani au akisimama ghafla, hilo si la boti, mpeleke kwa daktari kabla ya safari. Usimnunulie kiholela vidonge vya kuzuia kutapika safarini: vingi vinaleta usingizi, na kwa mtu wa umri wake vinaweza kumchanganya akili, kumziba mkojo, au kumdhuru kama ana presha ya macho. Mfamasia au daktari aone kwanza orodha ya dawa anazotumia. Na kwa kuwa ndege ni safari ya saa nyingi, ainuke mara kwa mara. Mguu mmoja ukivimba na kuuma kwenye shavu la mguu baada ya kutua, msingoje kuona boti, nendeni hospitali siku hiyohiyo.

Tuje kwenye goti, maana hapo ndipo penye kazi. Maji yako chini kuliko barabara. Sehemu nyingi unashuka ngazi hadi gatini, unakanyaga ukingo wa boti, kisha unashuka tena vidaraja vitatu vinne vya ngazi kuingia ndani. Nilimsindikiza bibi mmoja wa Tanga, mzito kidogo, mwenye mkongojo. Aliweka mguu wa kwanza kwenye ukingo, boti ikazama upande wake kama inchi mbili, naye akaganda, mguu mmoja nchi kavu na mwingine majini. Nahodha hakumvuta. Alimpa mkono wake uliokunjwa kiwikoni, mgumu kama fimbo, akangoja. Boti ikatulia, bibi akahamisha uzito wake polepole, akaingia. Tangu siku hiyo huwa nawaambia wazee mapema: itazama kidogo, kisha itatulia, usirudi nyuma. Wakishajua, hawaogopi.

Mfundishe mama kanuni moja nyumbani kwenye ngazi yoyote. Kushuka, utangulie mguu mbovu. Kupanda, utangulie mguu mzima. Kwake maana yake ni kuingia botini kwa mguu wa kulia na kutoka kwa mguu wa kushoto, mkongojo ukienda pamoja na mguu mbovu. Asishike kiganja cha mtu, ashike mkono karibu na kiwiko. Kama goti lenyewe hukwama au huvimba ghafla, mtaalamu wa mazoezi ya viungo alitazame kabla hamjaondoka. Na msiamini picha za intaneti kuhusu gati. Dada yako yuko Rotterdam, kama dakika 40 tu kwa treni ya haraka. Mwombe aje siku moja kabla, asimame penye kibanda cha tiketi, ahesabu vidaraja vya ngazi na aulize kama wana boti yenye lifti ya kiti cha magurudumu. Baadhi wanazo, ila lazima uwaambie mapema.

Rafiki yako hakukosea kabisa. Boti kubwa zenye paa la kioo huwa na joto kali jua likiwaka, kioo kinarudisha mwanga, mvua ikinyesha matone yanafunika kila kitu, na sauti ya mwongozaji mara nyingi ni ya kurekodiwa, unachagua lugha kwenye kifaa cha masikioni. Katika boti nilizopanda mimi Kiswahili hakikuwamo, kwa hiyo ukae karibu na mama umtafsirie. Upande wa pili ziko boti ndogo za wazi zinazobeba watu kumi na kitu, nahodha mwenyewe anasimulia, ukimuuliza anakujibu. Mimi binafsi nazipenda zaidi. Lakini nyingi hazina choo, viti ni vya chini mno kwa mwenye goti bovu, na mwezi wa tano Uholanzi upepo bado una meno, mtu wa Dar atatetemeka.

Kwa hiyo kwa mama yako nachagua boti kubwa yenye choo na mlango mpana, safari ya saa moja hadi saa moja na robo. Kama mnaweza kupata ile yenye mwongozaji hai, ongezeni euro chache mkaichukue, maana tofauti ni ya kusikia na kusikilizwa. Nendeni asubuhi, saa nne hivi, kabla jua halijachoma paa na kabla ya foleni. Boti ya kujiendesha wenyewe kwa kanyagio msiiguse, goti halitaki. Tiketi zinazofungwa pamoja na chakula cha jioni na vinywaji pia nawashauri muziache: utalipa zaidi na macho yatakuwa kwenye sahani.

Kuna siri moja ya kiti ambayo kibanda cha tiketi hawatakwambia. Boti hupita upande wa kulia wa mfereji. Aliyekaa dirisha la kulia anaona kwa karibu ukuta wa mawe wa ukingo, matairi ya magari na mashina ya miti. Aliyekaa kushoto anatazama ng'ambo, na nyumba anaziona nzima. Kaeni kushoto. Miti nayo ina msimu wake: mingi ni ile wanayoiita iep, na mwisho wa mwezi wa nne hadi mwezi wa tano mbegu zake nyepesi huanguka kwa wingi, zinafunika maji na madirisha ya boti. Mkienda mwanzoni mwa mwezi mtazikuta, na majani yatakuwa bado machanga, hayajaficha mapaa. Ukingoja hadi mwezi wa saba unaona kijani tu.

Basi mama atazame nini? Mwambie ainue macho juu kabisa ya kila nyumba. Ukuta wa mbele unapofunika paa umechongwa: mingine kama ngazi, mingine kama shingo, mingine kama kengele. Chini ya ncha hiyo anaona boriti imetokeza nje ikiwa na kulabu. Ngazi za ndani ya nyumba hizi ni nyembamba na zimesimama wima, kitanda hakipiti, kwa hiyo mizigo ilipandishwa kwa kamba na kapi hadi dirishani, na hata leo watu wakihama ndivyo wanavyofanya. Atauliza kwa nini nyumba zimeinama. Zilizoinama mbele zilijengwa hivyo makusudi, mzigo usikwaruze ukuta ukipanda. Zilizoegemea pembeni ni suala la msingi. Mji mkongwe wote umesimama juu ya nguzo za mbao zilizokitwa kwenye tope hadi zikafika kwenye mchanga mgumu, kina cha mita 12 hivi. Jumba la kifalme peke yake, lililoanza kujengwa mwaka 1648, lina nguzo 13,659. Mbao hizo haziozi zikiwa zimezama, kwa sababu kule chini hakuna hewa ya kuwalisha wadudu na ukungu. Maji ya ardhini yakishuka, vichwa vya nguzo vinapata hewa, vinaoza, na nyumba inalala. Mtu wa pwani aliyekulia chini ya dari ya boriti za mikoko ataelewa haraka kuliko mtalii yeyote.

Kwenye kona ya Herengracht na Reguliersgracht nahodha kwa kawaida hupunguza mwendo. Tazameni upande wa Reguliersgracht: madaraja saba ya tao yamepangana, moja ndani ya lingine, na kwenye maji kila tao linakamilika kuwa duara. Ni sekunde chache tu. Mtu aliye nchi kavu hayaoni hivyo, kwa sababu macho yake yako juu ya madaraja.

Kuna jambo jingine ambalo waongozaji wengine hulipita haraka, na mimi sitaki mama alipite. Kona ya Herengracht wanayoiita Gouden Bocht, yaani kona ya dhahabu, ina nyumba pana kuliko zote. Baadhi ya dhahabu hiyo ilikuwa watu. Nyumba namba 502, ambayo sasa ni makazi rasmi ya meya, ilijengwa mwaka 1672 kwa ajili ya Paulus Godin, mmoja wa wakurugenzi wa Kampuni ya Uholanzi ya India Magharibi iliyosafirisha watumwa, na tangu 2006 kuna kibao mbele yake kinachosema hivyo. Namba 514 ina vichwa viwili vya Waafrika vilivyochongwa mlangoni. Kampuni nyingine, ile ya India Mashariki iliyoanzishwa 1602, ilifika hadi kwetu: kati ya 1776 na 1778 meli zake zilikwenda Zanzibar kununua watumwa wa kupelekwa Rasi ya Tumaini Jema. Tarehe 1 Julai 2021 meya Femke Halsema aliomba radhi kwa niaba ya mji, na tarehe hiyohiyo mwaka 2023 mfalme Willem-Alexander naye akaomba radhi. Zipo safari za boti zinazohusu historia hii hasa, zikiongozwa na watu wenye asili ya Afrika. Kama Kiingereza chenu kinatosha, hiyo ingekuwa chaguo langu la kwanza kwenu, mradi muulize habari za ngazi.

Msitegemee boti iwaoneshe kila kitu. Jumba la kifalme hamtaliona, kwa sababu maji yaliyokuwa yakifika uwanja wa Dam yalifukiwa karne ya 19. Nyumba ya Anne Frank, yule msichana wa Kiyahudi aliyeandika shajara akiwa amejificha Wanazi, Prinsengracht 263, mtaonyeshwa kwa kidole, lakini mnachokiona ni mbele tu. Yeye na wenzake saba walijificha jengo la nyuma, kuanzia Julai 1942 hadi walipokamatwa tarehe 4 Agosti 1944. Kuingia ndani ni kwa tiketi ya intaneti ya mapema, na ngazi zake ni kali, sidhani kama ni za mama. Mnara wa Westerkerk ulio jirani, wa mita 85, mtauona vizuri kutoka kwenye boti. Humo kanisani ndimo alimozikwa mchoraji Rembrandt mwaka 1669.

Mkishuka, msiongeze kutembea. Kuleni kitu karibu na gati, halafu mpande tramu namba 2 kutoka mbele ya stesheni kuu. Mlango wake uko chini, mama anaingia bila kuinua goti sana, na inaikata mifereji yote mikuu mmoja baada ya mwingine hadi kwenye majumba ya makumbusho. Yale mliyoyaona kutoka chini mtayaona kutoka juu, mmekaa. Kwa mwenye goti hilo na siku moja, kivuko cha bure, boti saa nne, tramu mchana na treni ya kurudi Rotterdam saa kumi inatosha kabisa. Siku ya safari mama ale kidogo asubuhi, asipande na tumbo tupu wala lililojaa, achukue kanga ya kujifunika mabega na kipande cha tangawizi mfukoni. Na shikamoo zangu umfikishie.